Kukanyaga biskuti na vigari mbele ya kamera: raha yake iko wapi?

#1 BintiKongowea

Hamjambo nyote. Nina swali na naliuliza kwa dhati. Anayetaka kucheka acheke, ila akimaliza anijibu.

Nauza viatu vya mitumba Kongowea, Mombasa, vya kike zaidi. Nikifungua mzigo mpya hupiga picha nikaziweka mtandaoni. Wiki mbili zilizopita mtu wa ng'ambo akaniandikia. Akauliza bei ya viatu vya mchuchumio vyekundu, namba 39, nikamtajia. Akasema hataki nimtumie viatu. Anataka nivivae mimi, nikanyage vitu, nijirekodi, nimtumie video. Dola 40 kwa dakika 6.

Vitu vyenyewe ni pakiti moja ya biskuti, vigari viwili vya plastiki vya kuchezea, mkebe mtupu wa soda, na nikipata, saa mbovu ya mkononi. Sura yangu haitaki. Nguo nisivue hata moja, dera libaki mwilini. Simu niilaze sakafuni. Nisiseme neno. Na kuna neno moja ameliandika mara tatu: polepole, polepole, polepole.

Sijamjibu. Sijaogopa na wala sijachukizwa, nimeshindwa tu kuelewa. Nikaanza kutafuta, nikakuta kumbe kuna watu kote duniani wanaotazama mguu ukiponda tunda, sigara, keki, simu. Wengine hujiburudisha tu, lakini wengine ni mambo ya matamanio kabisa. Picha ya uchi najua mtu anatazama nini. Hapa anatazama nini? Biskuti? Kiatu? Mguu? Ule mlio?

#2 FundiPresi

Dada, mie nina gereji Changamwe na nina presi ya kutolea beringi na bushi. Siku kazi hakuna, vijana wangu huweka kopo la rangi au pedali ya baiskeli chini ya presi wakabonyeza, basi tu. Kwa nini, siwezi kukueleza, ila hakuna anayeondoka mpaka kitu kilale. Wapita njia husimama. Muuza mahamri husimama na beseni lake kichwani. Na kuna yule Mjerumani mwenye presi mtandaoni, mamilioni humtazama. Naona hakuna la ajabu. Binadamu hupenda kuona kitu kigumu kikisalimu amri.

#3 Mtongwe_Darini

Fundi, si Mjerumani. Ni Mfini, Lauri Vuohensilta, karakana iko Tampere. Alianza 2015, na anayecheka nyuma ya kamera ni mkewe Anni.

Lakini pia umelikwepa swali. Hakuuliza kwa nini watu husimama gerejini, ameuliza matamanio yanaingilia wapi. Presi yako haina kucha zilizopakwa hina.

#4 FundiPresi

Mfini, sawa, ahsante. Ila umenikumbusha kitu. Mimi nilirudi kutazama zile video kwa sababu ya kicheko cha yule mke. Presi nnayo yangu. Nilitaka kumsikia mtu akifurahi kitu kikivunjika. Kwa hivyo huenda hata huko si chuma peke yake.

#5 Ustadh_Kuze

Assalaam aleikum. Mimi nina neno moja tu, na silisemi kumhukumu mtu. Biskuti ni riziki. Kuna nyumba Kisauni pakiti moja ya biskuti ni chai ya watoto watatu. Kuiponda ili mtu aone raha ni israfu, hata kama hakuna aliyevua nguo. Mkebe mtupu na saa mbovu sina ugomvi navyo.

#6 Shombo

Waaleikum salaam Ustadh. Na biskuti zilizopitwa na muda? Dukani kwangu kila mwezi natoa katoni, na zote huishia jaa la Mwakirunge. Hizo nazo?

#7 Ustadh_Kuze

Hizo nazo kuna kuku na ng'ombe, ndugu yangu. Lakini nimekuelewa.

#8 BibiWaNdiaKuu

Wanangu, nimesoma na nimeona mwalitafuta jibu mbali, na lingine liko hapa hapa Mji wa Kale.

Mwawajua mitaawanda? Vile viatu vya mti, vina kishikio cha kushikwa baina ya vidole. Nyanyangu alikuwa navyo vya kwendea msalani na vyengine vya mapambo, vimechongwa, vina nakshi. Alipokuwa akitembea juu ya sakafu ya chokaa mlio wake wasikika hadi darini: ko, ko, ko. Nalimuuliza nikiwa mtu mzima na ndoa yangu, mbona viatu vizito hivi? Akanambia, mwanangu, babuyo alikuwa yuwajua niko wapi ndani ya nyumba, na nalipotaka ajue, nalitembea polepole.

Bibi harusi wetu hutiwa hina na piko miguuni kabla ya kupambwa pengine popote. Hufukizwa udi. Hapo zamani alivaa na vikuku. Mwadhani hivyo vyote vilikuwa ni kwa ajili ya nani? Mwanamke amefinikwa gubi gubi, kinachoonekana ni mguu na kinachosikika ni mwendo. Basi jicho na sikio la mwanamume likafunzwa kukaa hapo. Mimi sishangai mzungu kulipia mlio wa kiatu. Nashangaa kwa nini lazima kitu kivunjike.

#9 BintiKongowea

Shikamoo Bibi. Umenigusa. Na hapo penye kuvunjika ndipo na mimi nimekwama. Kama angetaka nitembee tu ningemwelewa mara moja.

#10 Nesi_Tudor

Niingie. Mimi ni muuguzi, si daktari wa akili, lakini haya niliyasoma.

Kulikuwa na daktari wa upasuaji wa ubongo kule Montreal, Kanada, Wilder Penfield, aliyechora ramani ya ubongo: sehemu ipi hupokea hisia za mkono, ipi za uso, na kuendelea. Katika ramani hiyo mguu umepakana na sehemu za siri. Baadaye daktari Ramachandran wa California, ambaye alichunguza watu waliokatwa viungo, akasema huenda ujirani huo ndio sababu ya watu wengi kuvutiwa na miguu, kwamba hisia za upande mmoja huvukia upande wa pili. Ni wazo lake, halijathibitishwa. Na watafiti wa Bologna, Italia, mwaka 2007 walipekua vikundi vya mtandaoni vya watu wenye mapendeleo ya aina hii, wakakuta miguu na vitu vya miguuni vinaongoza.

Jengine, kwa faida ya anayesoma kimya akidhani ana wazimu: Shirika la Afya Duniani, katika orodha yake ya magonjwa toleo la 11 lililoanza kutumika Januari 2022, limeuondoa ufetishi, yaani matamanio ya kitu kama kiatu au kiungo kama mguu, kama ugonjwa. Wamarekani nao, katika mwongozo wao wa 2013, wanasema mapendeleo pekee si maradhi. Huwa maradhi pale yanapomtesa mwenyewe au kumdhuru mwenzake.

#11 Mtongwe_Darini

Nesi, ujirani wa ubongoni unaeleza mguu. Hauelezi biskuti.

#12 Nesi_Tudor

Kweli, hauelezi. Niliyonayo ni hayo.

#13 KasisiWaVitabu

Kwa kuwa Nesi ametumia neno "ufetishi", niwape asili yake kwa ufupi, maana kuna atakayesema ni la Kiingereza. Neno ni la Kireno: feitiço, yaani hirizi, uganga, kitu kilichotengenezwa kikapewa nguvu. Mabaharia wa Kireno waliyaita hivyo mambo waliyoyaona Afrika Magharibi. Likapita Kifaransa, na mwaka 1887 Alfred Binet, Mfaransa yule yule aliyekuja kutunga mitihani ya akili, akalihamisha kutoka dini hadi mapenzi: mtu anayependa kitu kama vile kina roho ndani yake.

Sisi hapa Wareno walituachia leso, meza na gereza. Hilo halikuingia lugha yetu, lakini wazo tunalo. Hirizi ni ngozi iliyoshonwa, ila hakuna atakayethubutu kuikanyaga.

#14 Ustadh_Kuze

Na hakuna haja ya kuivaa pia. Lakini maelezo ni mazuri.

#15 Yakhe_Bondeni

Mzee wangu angekwambia ni jini. Sifanyi mzaha. Mtu akipenda kitu asichoweza kukieleza, kwetu husemwa "ana mtu". Nyinyi mwasema ubongo umepakana, yeye atasema amepakana na jini. Tofauti ni nini?

#16 Nesi_Tudor

Tofauti ni kwamba kwa jini atapelekwa kupungwa kwa nguvu, na nimewaona waliorudi na makovu.

#17 Yakhe_Bondeni

Hapo umenishinda.

#18 Ramesh_Makadara

Nilizaliwa Mombasa, wazazi wangu asili yao Gujarati. Niongeze la kwetu. Ukinunua gari jipya huweki mafuta tu ukaenda. Gari huombewa, huvunjwa nazi mbele yake, na ndimu huwekwa chini ya magurudumu, unaendesha juu yake mpaka zipasuke. Babangu alinunua pikapu nikiwa darasa la tano, na mpaka leo naukumbuka ule mlio, pwaa, pamoja na harufu. Kila mtu alipiga makofi. Mayahudi bwana harusi hukanyaga gilasi. Kwa hivyo kuvunja kitu chini ya mguu mbele ya watazamaji si jambo la mtandao. Ni la kale, na kila mara lina maana: husuda imevunjika, maisha mapya yameanza.

Nadhani hizi video zimechukua tendo hilo zikaliacha bila maana yake. Limebaki tendo tupu, na mtu hutia maana yake mwenyewe.

#19 BibiWaNdiaKuu

Hapo umenena, mwanangu.

#20 SautiNyali

Mimi hurekodi sauti, matangazo na michezo ya redio. Kwangu jibu ni masikio, na sioni mbona tunayataja kidogo hivi. Mlio wa kitu kikavu kikipondeka una vipande vingi vidogo vidogo, hakuna viwili vinavyofanana, na sikio haliwezi kutabiri kinachofuata. Ndiyo maana hauchoshi. Nikitaka mfupa uvunjike redioni navunja makaroni makavu karibu na maikrofoni, na msikilizaji anajikunja kitini ingawa hakuna aliyeumia. Sauti inaingia mwilini kabla akili haijauliza ni ya nini.

Kuna watu wakisikia minong'ono, mikwaruzo au vitu vikipondwa taratibu husisimka kuanzia utosini hadi uti wa mgongo. Jina la hali hiyo, ASMR, lilitungwa mwaka 2010 na Mmarekani, Jennifer Allen, na alichagua maneno ya kitabibu makusudi ili watu wasione haya kulizungumzia. Wengi wao husema haihusiani kabisa na matamanio. Kwa hivyo tusiwatie wote kapu moja.

Mteja wa dada amesema asiseme neno. Anataka asikie mkebe.

#21 Mtongwe_Darini

Basi angelipia sauti tu. Kwa nini amechagua rangi ya kiatu?

#22 SautiNyali

Swali la haki. Sina jibu.

#23 Chuma_Chakavu

Mimi naona ni hasira. Mtu anafanya kazi, bosi anamtukana, kodi imepanda, hawezi kumgusa mtu. Anamtazama mwingine akivunja, anatua. Ulaya na Marekani kuna vyumba unalipa kuingia ukavunje televisheni na sahani.

#24 Mwalimu_Likoni

Kaka, hilo la kutua hasira kwa kuvunja limepimwa. Mwaka 2002 mtafiti wa saikolojia wa Marekani, Brad Bushman, alichukua wanafunzi 600 wa chuo, akawafanya waudhiwe, kisha wengine wakapiga gunia la ndondi huku wakimfikiria aliyewaudhi, wengine wakakaa kimya. Waliopiga huku wakimfikiria mtu wao walitoka na hasira nyingi zaidi. Waliokaa kimya ndio waliopoa. Hasira haimwagiki kama maji ya ndoo.

Halafu tazama maagizo yenyewe. Mtu mwenye hasira hukanyaga polepole?

#25 Chuma_Chakavu

Mimi nikivunja friji kuukuu kutoa kompresa natua, wanafunzi wake wasinambie. Lakini la polepole nimelikubali.

#26 Mwalimu_Likoni

Huenda unatua kwa sababu kompresa ni pesa :)

Niongeze na langu. Si kila kitu watu hufurahi kukiona kikipondwa. Mei 2024 Apple walitoa tangazo, presi kubwa ikilala juu ya piano, tarumbeta, rangi za wachoraji, kamera. Dunia nzima ikakasirika mpaka wakaomba radhi. Presi ni ile ile ya Mfini, ila piano watu waliiona kama mtu. Kwa hivyo kuna vitu tunavitazama vikifa na tunaumia, na vingine tunatulia. Anayetaka kigari cha plastiki na saa ya mkononi hakuvichagua bure. Saa ilikuwa ya mtu.

#27 MamaPacha_Bamburi

Nyinyi wanaume mnazunguka sana. Nina mapacha wa miezi minane. Kuna wakati nawatazama mashavu yao nasaga meno, natamani niwang'ate, na nawapenda kuliko roho yangu. Kwetu husema "nitakula mtoto huyu". Nikasoma kumbe kuna mtafiti wa Chuo Kikuu cha Yale, Marekani, Oriana Aragón, alichunguza hilo hilo: aliwapa watu ile plastiki ya vipovu vya hewa wapasue huku wakitazama picha za wanyama, na waliotazama vitoto vya wanyama vya kupendeza walipasua vipovu zaidi. Yaani hisia ikijaa ikakosa pa kupita, mkono unataka kubana kitu. Wala hakuna ubaya ndani yake.

Sisemi ni kitu kimoja. Nasema kuponda na kupenda vinaweza kukaa mwili mmoja bila chuki kuwepo.

#28 Shombo

Ile plastiki ya vipovu, mwajua ilibuniwa 1957 iwe karatasi ya kubandika ukutani? Ikakataliwa na wanunuzi. Baadaye ndio ikawa ya kufungia mizigo. Mimi nikipokea katoni za gilasi bandarini, vijana wangu hugombania plastiki kwanza.

#29 WakiliMdogo_Nyali

Kabla uzi haujaenda mbali zaidi, dada Binti, nisikilize kwa makini. Nimesoma na kuona mtu kaniuliza inboksi kwamba "Marekani video za kuponda zimepigwa marufuku". Si kweli kwa vitu. Iliyopigwa marufuku ni ya wanyama. Walitunga sheria 1999, Mahakama ya Juu yao ikaitupa Aprili 2010 kwa kuwa ilikuwa pana mno, Desemba mwaka huo huo wakatunga nyingine iliyobanwa vizuri, na 2019 wakaongeza kwamba tendo lenyewe ni kosa hata lisiporekodiwa. Hapa kwetu Kenya Sheria ya Kuzuia Ukatili kwa Wanyama, Sura ya 360, iko toka zamani.

Nasema haya kwa sababu wateja wa aina hii, si wote, wapo wanaoanza na biskuti, kisha wakaomba konokono, kisha kaa, kisha kifaranga, na kila hatua dola zinapanda. Siku ya kwanza atakayotaja kitu chenye pumzi, funga mazungumzo. Usibishane naye wala usimwombe radhi.

Na ukikubali: pesa mbele. Sakafu isiwe ile inayoonekana kwenye picha zako za dukani. Zima utambulisho wa mahali kwenye kamera. Funga dirisha, maana adhana ya msikiti wa mtaani kwako inamwambia mtu unaishi wapi.

#30 BintiKongowea

Ahsante sana wakili. La adhana singelifikiria kabisa.

#31 Mtwapa_Moja

Binamu yangu aliuza video za miguu mwaka jana. Mteja wa kwanza alilipa. Wa pili akaomba "mfano wa dakika moja" kwanza, akapewa, akatoweka. Wa tatu vivyo hivyo. Alitoa mifano tisa ya dakika moja na hakulipwa senti. Pesa mbele, dada.

#32 Mgeni_Tisa

Nimefungua akaunti hii leo kwa ajili ya uzi huu. Nimewasoma wote toka juu, na nashukuru kwa kuwa hakuna aliyetukana, isipokuwa la jini, nalo limejibiwa.

Mimi ni mmoja wao. Nina miaka 36, nafanya kazi ya makaratasi ya mizigo Kilindini. Nina mke na tunaishi vizuri. Naipenda video ya aina aliyoombwa Binti, na ndiyo, ni matamanio.

Ilianza nikiwa na miaka 25. Ofisini kulikuwa na mwenzangu, mtu mzima kunipita, mkali, mwenye heshima. Siku moja kalamu yake ilianguka, akaikanyaga bila kujua alipokuwa akigeuka. Ile kalamu ya plastiki ikalia, yeye hakuangalia chini. Aliendelea kuzungumza kuhusu kontena. Sikusikia neno lake moja baada ya hapo. Sijamwambia kamwe, na hakuna kilichotokea kati yetu. Lakini nikienda nyumbani usiku ule sikuwaza uso wake, niliwaza ile kalamu.

Kwa hivyo mimi kwa upande wangu si hasira. Ramesh kasema mtu hutia maana yake mwenyewe. Yangu ni kwamba yule mtu hakukusudia. Kitu kidogo kinamalizika na aliyekimaliza hana habari. Siwezi kueleza kwa nini hilo linanigusa. Nimejaribu miaka 11.

Mke wangu nilimwambia mwaka wa tatu wa ndoa. Alicheka sana, kisha akauliza swali la Binti neno kwa neno: unatazama nini hasa?

#33 Nesi_Tudor

Ahsante kwa ujasiri, ndugu. Na pole kwa kulibeba peke yako.

#34 Mwalimu_Likoni

Mgeni, karibu. Hadithi yako inafanana na jaribio moja la London, 1966, la mwanasaikolojia Stanley Rachman. Wanaume watatu walionyeshwa picha ya viatu vya buti kisha papo hapo picha ya mwanamke, mara nyingi, mpaka ikawa buti peke yake inawasisimua. Yaani vitu viwili vikikutana kwa wakati unaofaa, kimoja hubeba mzigo wa chenzake. Kwako mwanamke mwenye heshima na mlio wa kalamu vilikutana sekunde moja.

#35 Mgeni_Tisa

Nimelisoma hilo, mwalimu. Lakini ofisi ile ilikuwa na watu 12, wote walisikia kalamu. Mbona ni mimi tu?

#36 Mwalimu_Likoni

Hapo nakaa kimya.

#37 Yakhe_Bondeni

Mgeni, samahani kwa lile la jini. Na mimi niulize kwa heshima: kuna wanaosema mtazamaji hujiona yeye ndiye kitu kinachokanyagwa. Kwako ni hivyo?

#38 Mgeni_Tisa

Hakuna neno, yakhe. Kwa wengine ndivyo, wameniambia, na wao hupenda akanyagaye atazame chini aone anachofanya. Mimi akitazama chini tu raha imeisha. Ndiyo maana nasema hata sisi wenyewe hatukubaliani.

#39 BibiWaNdiaKuu

Mgeni, mkeo alifanyaje baada ya kucheka?

#40 Mgeni_Tisa

Shikamoo Bibi. Alikaa siku mbili. Siku ya tatu nilikuwa nasoma gazeti, akapita na viatu vyake vya kazini, akakanyaga ganda la njugu karanga akaenda zake jikoni. Hakusema kitu mpaka leo.

#41 BibiWaNdiaKuu

Mtunze sana mwanamke huyo.

#42 MamaPacha_Bamburi

Nimelia mimi.

#43 Shombo

Bibi, hivi mitaawanda bado yachongwa? Mke wangu ameniuliza baada ya kusoma ulichoandika.

#44 BibiWaNdiaKuu

Lamu wako mafundi wa mti. Hapa Mombasa ukiiona nyingi ni ya kuukuu, yauzwa kwa watalii kama pambo la ukutani. Mwambie mkeo asiivae juu ya vigae, itateleza. Yataka sakafu ya chokaa au saruji.

#45 FundiPresi

Mgeni, nina swali la ufundi, usione vibaya. Mimi kwenye presi, kuna pahali papili. Kuna pale kitu kinapopasuka, na kuna pale kabla, uzito umeshafika lakini kitu bado kinashikilia. Beringi iliyoganda hukaa hapo hata nusu dakika. Mkono wangu uko kwenye mpini, nasikia chuma kikinung'unika, sijui itatoka au presi ndiyo itaruka. Kikishatoka, basi, nafuta mikono. Vijana wangu husubiri kupasuka. Mimi husubiri pale kabla. Wewe wasubiri wapi?

#46 Mgeni_Tisa

Pale kabla. Kikishavunjika nafunga video.

Hakuna aliyewahi kuniuliza hivyo, fundi.

#47 SautiNyali

Pale kabla hakuna sauti karibu yoyote. Nadharia yangu imepata shimo.

#48 BintiKongowea

Nimerudi. Jana usiku watoto wa dadangu walipolala nilivaa vile vyekundu, nikachukua mkebe mtupu tu, biskuti nimemwachia Ustadh. Nikazima taa ya jikoni nikabaki na ya korido. Sikurekodi. Nilitaka nijue mwenyewe.

Mara ya kwanza nilikanyaga kama ninavyokanyaga mende. Kra, umekwisha. Sikuhisi kitu. Mara ya pili nikachukua mkebe mwengine nikaweka kisigino juu yake, nikaongeza uzito kidogo kidogo. Ulikaa. Ulinibeba karibu mwili mzima, wallahi, mkebe mwembamba ule. Nikajikuta nimezuia pumzi.

Nimeyasoma upya maagizo ya yule mteja asubuhi hii. Mara ya kwanza niliposoma "polepole" nilidhani ni ili video ifike dakika 6.